Misimbo ya ICD-10 kwa mgonjwa aliyedhurika na dawa za kifafa kwa bahati mbaya: mwongozo kamili

Mtoto wa miaka mitatu analetwa amelegea kwa usingizi, haamki hata akifinywa. Wazazi wanasema ni homa. Kipimo cha malaria hakioneshi kitu. Saa mbili baadaye shangazi anafika na pakiti ya fenobabitoni 30 mg ya bibi, na vidonge tisa havipo. Mtoto anapona, anaruhusiwa, faili linateremka ofisi ya kumbukumbu, na kwenye ukurasa wa mbele daktari ameandika neno moja: degedege.

Ukiweka R56.8, msimbo wa degedege, kwa kufuata neno hilo, tukio lote limepotea. Katika takwimu za wilaya mtoto huyu atahesabiwa miongoni mwa waliopata degedege, na hakuna atakayejua kwamba kilichomleta ni pakiti iliyowekwa chini ya mto. Mwongozo huu unafuata ICD-10, yaani uainishaji wa kimataifa wa magonjwa wa Shirika la Afya Duniani, unaotumika katika hospitali zetu nyingi. Toleo la Marekani, ICD-10-CM, lina sehemu yake kuelekea mwisho, kwa sababu wapo wasomaji wanaofanya kazi hiyo huko, na sheria zake zinatofautiana na zetu mahali ambapo watu wengi hujikwaa.

Kwanza soma faili, kitabu baadaye

Usifungue kitabu cha misimbo kabla hujajibu maswali manne: ni dawa gani, iliingiaje mwilini, kwa kiasi gani ukilinganisha na kilichoandikwa, na kwa nia gani. Majibu hayakai mahali pamoja. Jina la dawa mara nyingi liko kwenye maelezo ya mapokezi au kwenye fomu ya rufaa. Kiasi hupatikana kwenye karatasi ya wauguzi, kwa sababu wao ndio wanaohesabu vidonge vilivyobaki. Nia inaweza kuwa kwenye maelezo ya ustawi wa jamii ya siku ya pili au ya tatu. Ukurasa wa mbele peke yake hautoshi kamwe kwa kesi za sumu.

Jina la kibiashara ligeuze kuwa jina halisi la dawa kabla ya kutafuta. Tegretol ni kabamazepini. Epanutin, ambayo Marekani inaitwa Dilantin, ni fenitoini. Epilim ni valproeti ya sodiamu. Valium ni diazepamu, Rivotril ni klonazepamu, Lamictal ni lamotrijini, Keppra ni levetirasetamu. Faili likisema tu "dawa za kifafa", angalia kadi ya kliniki ya mgonjwa, au ya ndugu mwenye dawa zile.

Sumu ya dawa au maudhi ya dawa?

Hapa ndipo makosa mengi yanapozaliwa, kwa hiyo tukae kidogo.

ICD-10 inatenganisha mambo mawili ambayo kwa daktari yanaweza kuonekana sawa kitandani. La kwanza ni sumu ya dawa: dawa imezidishwa, imetolewa siyo, imemezwa na mtu asiye wake, au imetumiwa kwa njia isiyo sahihi. La pili ni maudhi ya dawa: dawa sahihi, mgonjwa sahihi, dozi iliyoandikwa, na bado imemdhuru. La kwanza linaenda T42 (sumu ya dawa za kifafa na jamii yake) pamoja na X41 (chanzo: bahati mbaya). La pili linaanza na tatizo lenyewe, kisha linafuatwa na msimbo wa Y46 (au Y47 kwa fenobabitoni na jamii ya diazepamu).

Mgonjwa aliyeanzishiwa kabamazepini kwa dozi sahihi akababuka ngozi na midomo kwa ugonjwa wa Stevens-Johnson, anapata L51.1 na Y46.4. T42 hapo haina nafasi. Lakini mama aliyepewa chupa ya maji ya kabamazepini yenye 100 mg kwa kila 5 ml, akaambiwa "kijiko kimoja", naye akatumia kijiko cha chakula cha 15 ml badala ya kijiko cha chai, amempa mtoto 300 mg kila mara. Hiyo ni sumu kwa bahati mbaya, hata kama mama alifuata alichoelewa.

Fenitoini ya maji ina mtego wake. Isipotikiswa, dawa inatuama chini ya chupa: wiki za mwanzo mtoto anapata dozi hafifu na degedege linarudi, na chupa ikikaribia kuisha anapata dozi nzito, anaanza kupepesuka na macho kuchezacheza. Tena mwili una kikomo cha kuiondoa fenitoini. Kikishafikiwa, nyongeza ndogo ya dozi hupandisha kiwango cha damuni kwa kasi kubwa. Daktari akiandika kwamba chanzo ni chupa isiyotikiswa, hiyo ni matumizi yasiyo sahihi, kwa hiyo T42.0 na X41.

Na dawa mbili zikigongana? Mgonjwa wa kifafa anayetumia fenitoini anaanzishiwa dawa za kifua kikuu zenye isoniazidi, na isoniazidi inazuia ini kuiondoa fenitoini. Kama zote mbili ziliandikwa na daktari na zikamezwa kama ilivyoelekezwa, hayo ni maudhi ya dawa: andika kupepesuka (R27.0), kisha Y46.2. Kama moja ilinunuliwa dukani bila ushauri, au mgonjwa alikunywa pombe juu ya dawa, unarudi kwenye sumu.

Kosa la mtoa huduma, yaani dozi iliyoandikwa vibaya au kidonge cha 500 mg kilichotolewa badala ya cha 200 mg, nalo ni sumu kwa bahati mbaya chini ya X41. Wengine hukimbilia Y63, ya makosa ya kipimo wakati wa matibabu. Hapana. Y63 yenyewe inakuondoa: dawa iliyozidishwa au iliyotolewa siyo kwa makosa inarudishwa X40 hadi X44.

Kuchagua ndani ya T42

Anza na Jedwali la Dawa na Kemikali katika Juzuu ya 3, kisha hakikisha katika Juzuu ya 1. Safu ya kwanza ya jedwali ni msimbo wa Sura ya XIX, yaani T. Zinazofuata ni bahati mbaya, kujidhuru kwa makusudi, nia isiyojulikana, na mwisho maudhi ya matumizi ya kawaida. Weka rula chini ya mstari wa dawa yako. Jicho kuruka mstari mmoja ni kosa la kila siku, na mistari ile imebanana.

- T42.0: fenitoini na ndugu zake.
- T42.1: kabamazepini.
- T42.2: ethosaksimidi.
- T42.3: fenobabitoni, na pia primidoni.
- T42.4: diazepamu, klonazepamu, lorazepamu.
- T42.5: mchanganyiko wa dawa za kifafa usioainishwa kwingine.
- T42.6: valproeti, lamotrijini, levetirasetamu, topirameti, gabapentini.
- T42.7: dawa ya kifafa au ya usingizi isiyotajwa jina.
- T42.8: dawa za Parkinson na za kulegeza misuli.

Kosa la kawaida hapa ni kupeleka kila kitu T42.7 kwa sababu faili linasema "dawa za kifafa". T42.7 ni ya pale ambapo jina limetafutwa na limekosekana. Ukiitumia kwa uvivu, fenobabitoni na valproeti zinakuwa kitu kimoja, na meneja wa dawa wa mkoa hawezi tena kujua ni ipi inayoumiza watoto.

Kumbuka pia kwamba ICD-10 inapanga dawa kwa jamii yake, haijali zinatibu nini. Asetazolamaidi hutumika kwa baadhi ya kifafa, ila kwenye kitabu iko na dawa za kupunguza maji mwilini, T50.2. Thiopentoni, inayotumika ICU kwa degedege lisilokoma, iko na dawa za usingizi wa upasuaji, T41.1. Zote mbili kwa bahati mbaya zinakwenda X44. Tarakimu ya T ikibadilika, usibebe X41 kwa mazoea.

Msimbo wa chanzo: X41 na mahali

T42 inaeleza mwili umefanyiwa nini. X41 inaeleza ilitokeaje: sumu ya bahati mbaya kwa dawa za kifafa, za usingizi, za Parkinson na za akili. Bila X41, T42.3 ya mtoto aliyeokota vidonge inafanana kabisa na T42.3 ya kijana aliyetaka kufa.

Tarakimu ya nne inaeleza mahali: 0 nyumbani, 1 makazi ya taasisi kama nyumba ya wazee au ya watoto yatima, 2 shule, hospitali na ofisi za umma, 3 uwanja wa michezo, 4 barabarani, 5 maeneo ya biashara na huduma, 6 viwandani na kwenye ujenzi, 7 shambani, 8 kwingine kunakojulikana, 9 hakujatajwa. Mtoto aliyemeza vidonge vya bibi ni X41.0. Muuguzi aliyempa mgonjwa wa kitanda cha pili dawa za kitanda cha kwanza ni X41.2, kwa sababu hospitali iko kwenye 2. Hoteli na maduka ni 5, ila nyumba ya kulala wafanyakazi ndani ya shamba usiipeleke 7 moja kwa moja: nyumba ya kuishi ya shambani inahesabiwa nyumbani.

Tarakimu ya 9 ndiyo inayoua takwimu. Mara nyingi mahali pameandikwa, ila si kwa neno "mahali". "Alikutwa na dada wa kazi jikoni" ni nyumbani. "Alianguka darasani baada ya kumeza" kunahitaji swali moja zaidi, maana tunachotafuta ni alipomezea, na huenda alimezea nyumbani asubuhi.

Nia, na faili linaponyamaza

Bahati mbaya ni X41. Kujidhuru kwa makusudi ni X61. Kudhuriwa na mtu mwingine kwa dawa ni X85. Nia ambayo imechunguzwa na haikujulikana ni Y11.

Faili likiwa kimya kabisa kuhusu nia, faharasa inaichukulia sumu kuwa ya bahati mbaya. Y11 si pipa la faili zenye maelezo machache. Inahitaji daktari au mamlaka ya kisheria kuwa imeshindwa kutofautisha, na hilo liwe limeandikwa.

Hapa kuna jambo zito. Kanuni za adhabu za Tanzania zinahesabu jaribio la kujiua kuwa kosa, na familia zinajua. Kwa hiyo "alikosea akameza vingi" husemwa mapokezi hata pale ambapo haikuwa hivyo. Kazi yako si kuchunguza wala kumgeuzia mgonjwa nia kwa kukisia kutokana na idadi ya vidonge. Kazi yako ni kuona faili linapojipinga lenyewe, na kuuliza. Mgonjwa wa miaka 24, vidonge 40 vya kabamazepini 200 mg, mapokezi yanasema bahati mbaya, na ukurasa wa tano una rufaa kwa daktari wa afya ya akili. Hapo unamrudishia daktari faili.

Swali liandikwe bila kumwelekeza jibu. "Je, hii ni X61?" ni swali baya. Andika hivi: "Mapokezi tarehe fulani yameandika kumeza kwa bahati mbaya. Siku ya pili kuna rufaa ya afya ya akili. Tafadhali eleza mazingira ya kumeza dawa kwa kadiri yanavyojulikana." Jibu liingie kwenye faili kwa maandishi na sahihi. La mdomo kwenye korido halitoshi.

Dalili: zipi uandike, zipi uache

Sumu inatangulia kama tatizo kuu, na madhara yake yanafuata. Andika yale yaliyotibiwa au yaliyorefusha kulazwa: kukosa fahamu kabisa (R40.2), usingizi mzito (R40.0), kushindwa kupumua kwa ghafla (J96.0), nimonia ya matapishi kuingia mapafuni (J69.0), macho kuchezacheza (H55), sodiamu kushuka (E87.1), amonia kupanda kwa valproeti (E72.2).

Degedege ni la kuangalia mara mbili. Kabamazepini ikizidi sana inaweza yenyewe kuleta degedege. Kwa mtu asiye na kifafa, hilo ni dalili ya sumu: T42.1, X41, R56.8. Kwa mtu mwenye kifafa, G40 (kifafa) inaandikwa kama ugonjwa alionao, na inakaa nyuma ya T42. Na yule mtoto wa bibi usimpe G40 kwa sababu tu dawa ni ya kifafa. Mwenye kifafa ni bibi.

Kiwango cha damuni peke yake si utambuzi. Karatasi ya maabara ikionesha fenitoini juu ya 20 µg/ml (kawaida ni 10 hadi 20) au kabamazepini juu ya 12 (kawaida 4 hadi 12), na daktari hajaandika sumu, usiiandike wewe. Uliza. Wapo wagonjwa wanaotembea na kiwango cha juu bila shida yoyote.

Na mtoto aliyekutwa na chupa tupu, akaangaliwa usiku kucha, asioneshe dalili, na daktari akaandika kwamba hakumeza? Huyo ni Z03.6, uangalizi kwa shaka ya sumu. Ukimpa T42 umeongeza kwenye takwimu sumu ambayo haikuwepo.

Dawa zaidi ya moja

Daktari akitaja dawa moja kuwa ndiyo iliyodhuru, fuata hiyo. Katika kifo kilichotokana na dawa kadhaa za kifafa bila moja kutajwa, T42.5 ipo kwa ajili hiyo. Zikiwa za makundi tofauti kabisa bila yoyote kutajwa, unaishia T50.9. Pombe pamoja na dawa inafuata dawa. Kwa mgonjwa aliye hai, kama mfumo wenu unapokea misimbo kadhaa, andika kila dawa iliyotajwa. Nafasi ipo, itumie.

Cheti cha kifo

Mpangilio unageuka. Kwa mgonjwa aliye hai T42 ni tatizo kuu. Kwa marehemu chanzo cha msingi cha kifo ni X41, na T42 inaeleza aina ya jeraha. Daktari akiandika Sehemu ya I hivi: (a) kushindwa kupumua, (b) sumu ya fenobabitoni iliyomezwa kwa bahati mbaya nyumbani, basi chanzo cha msingi ni X41.0 pamoja na T42.3. Kifafa cha marehemu, kama alikuwa nacho, kinakaa Sehemu ya II. Cheti kinachoishia "kushindwa kupumua" pekee kirudishwe kwa daktari kabla ya kutoka.

Mgonjwa anayerudi miezi kadhaa baadaye na ubongo ulioathirika kwa kukosa hewa hapewi tena T42. Tatizo lake la sasa linatangulia (G93.1), kisha T96 ya matokeo ya baadaye ya sumu ya dawa, na Y86 ya matokeo ya ajali.

Kwa wanaofanya kazi na ICD-10-CM ya Marekani

Toleo hili lilianza kutumika huko tarehe 1 Oktoba 2015, na X41 haimo. Nia imeingizwa ndani ya T: tarakimu ya sita ni 1 kwa bahati mbaya, 2 kujidhuru, 3 kudhuriwa, 4 isiyojulikana, 5 maudhi ya dawa, 6 dozi pungufu. Herufi X inajaza nafasi ya tano. Herufi ya saba ni A wakati matibabu yanaendelea, D wakati wa kupona, S kwa matokeo ya baadaye. A haimaanishi mara ya kwanza kufika: mgonjwa aliyehamishiwa ICU ya hospitali nyingine bado ni A.

Hivyo kabamazepini kwa bahati mbaya ni T42.1X1A, fenitoini ni T42.0X1A, valproeti ni T42.6X1A. Dawa isiyotajwa inavunja mpangilio: ni T42.71XA, tarakimu ya nia iko nafasi ya tano na X inafuata. Wengi huandika T42.7X1A na dai la malipo linarudishwa. Sumu inatangulia dalili. Maudhi ya dawa (5) yanafuata dalili. Dozi pungufu (6) haitangulii kamwe: mgonjwa aliyeacha Keppra akapata kifafa anaanza na G40, kisha T42.6X6A, na sababu ya kuacha kutoka Z91.1. Mahali panaandikwa kwa Y92. Kila dawa inapata msimbo wake. T42.5 huko ni ya dawa yenye mchanganyiko ndani yake, si ya vidonge viwili tofauti.

ICD-11, iliyoanza rasmi tarehe 1 Januari 2022, imebadilisha mtindo: madhara ya dawa yako NE60 katika sura ya 22, nia inatoka sura ya 23, na jina la dawa linaunganishwa kwa msimbo wa nyongeza. Maswali manne ya mwanzo yanabaki yale yale.

Faili linapobadilika baada ya kufungwa

Sumu ni miongoni mwa kesi ambazo ukweli huchelewa. Msichana wa miaka 15 aliandikwa X41.0 usiku ule. Siku ya tatu, mama akiwa ametoka kununua chai, alimweleza muuguzi kwamba alitaka kufa, na daktari akaandika hivyo. Kama ulishaingiza X41.0, fungua tena na uweke X61.0. Acha T42 kama ilivyo. Andika tarehe ya mabadiliko na ukurasa uliokuongoza, na ripoti ya mwezi kama imeshatumwa, peleka marekebisho kwa ofisi iliyoipokea. Jina la msichana na alichosema visitoke nje ya ofisi ya kumbukumbu.